Alikufa Mzee, Akarudi Kijana

Kama hujawahi kuketi kwenye benchi la Kornelia pale Katesh, nyuma ya stendi, basi habari za dunia zinakufikia zikiwa zimeshapoa. Benchi lenyewe ni ubao wa mkaratusi juu ya matofali, umepinda katikati kwa uzito wa watu wasio na haraka. Mbele yake kuna jiko la mkaa na birika la kahawa anayouza Kornelia, pembeni kuna cherehani ya Didas, na ukigeuza shingo unauona mlima Hanang umejifunika wingu lake. Wakaaji wa benchi wana majina yao ya ubatizo, ila hapa hayatumiki. Joakimu anayefunga madishi ya televisheni ni Injinia. Basili, aliyegombea udiwani akapata kura zake na za mke wake, tena za mke hatuna hakika, ni Mheshimiwa. Mzee Yona aliyefundisha katekisimu mpaka sauti ikamkauka ni Katekista. Didas peke yake hana jina la utani. Walimpa mengi, hakuna lililoshika, maana ni mtu wa kusikiliza, na msikilizaji anakunyima pa kumshikia.

Jioni hiyo hata kusikiliza kulimshinda. Alikuwa anashona kaptula ya mwanafunzi, na sindano ilipita palepale ilipokwisha kupita. Mfukoni mwa shati alikuwa na wembe mpya, bado kwenye karatasi yake. Aliununua asubuhi kwa kuagizwa na mama yake, na tangu ameununua amekosa moyo wa kuupeleka nyumbani.

Mama yake, bibi Lucia, alikuwa amefiwa na daktari. Simaanishi daktari wa hospitali. Ni Dokta Anselmo wa kwenye tamthilia ya Kibrazili, yule mwenye koti jeupe na Kiswahili kizuri alichotiwa mdomoni na watu wa Dar es Salaam. Wiki iliyopita daktari aliugua, akafa, akazikwa kwenye mvua, miavuli mitupu. Bibi hakutoa chozi. Alizima televisheni, akaifunika kitenge, akashusha godoro lake sakafuni, na tangu hapo hajavuka ua. Chakula anakigusa tu. Kuongea haongei. Kisha asubuhi hii akamwita mwanawe, akasema neno moja: “Niletee wembe mpya. Usiwe wa kufumulia nguo.”

Didas aliogopa. Alikusanya nyembe zake zote za ushonaji nyumbani, hata zile zilizoshika kutu, akazileta kazini kwenye kopo. Ilimjia ile hali ya mama baada ya mlima kuporomoka na tope lake kuingia mtaa wa Jorodom, lilipomchukua baba yake, mzee Akonaay, na kumvunja mama mguu. Mwaka mzima mama hakutamka zaidi ya “marahaba”. Kilichoufungua ulimi wake ni hiyo televisheni. Jioni moja alimtazama Dokta Anselmo weee, kisha akasema, wazi kabisa, “Huyu baba mkewe anamdanganya.” Didas na mke wake Rahel walikumbatiana jikoni kama watu walioshinda bahati nasibu. Na sasa daktari amekufa, na mama anataka wembe.

Benchi halikujua habari ya wembe. Lilijua ya daktari tu, na lilikuwa na mengi ya kusema.

— Jamani, yuko hai, alisema Injinia, akiweka kikombe chini ili mikono iwe huru. Nimemwona jana kwa macho yangu, chaneli ile nyingine.

— Nani?

— Dokta Anselmo. Ila siku hizi si daktari. Anaiba ng'ombe.

Mheshimiwa akapaliwa na kahawa.

— Anaiba nini?

— Ng'ombe. Usiku, na farasi, na kofia kubwa. Sura ndiyo ileile, na ule mwanya wa meno uko palepale.

— Si nilisema? Mheshimiwa akajipiga paja. Wahenga walisema, akiba haiozi!

— Akiba gani tena hapo? Kornelia akauliza, anapuliza mkaa.

— Si amezikwa? Si ametoka mzima? Hajaoza. Akiba haiozi.

Kornelia alimtazama kwa huruma, kama mtu anavyomtazama kuku anayelalia viazi, akaendelea na moto wake.

— Ngojeni niwaeleze, alisema Katekista kwa sauti yake iliyobaki. Huyo ni pacha. Hata Mtume Tomaso aliitwa Pacha. Mmoja alisomeshwa udaktari, mwingine akaachwa na mifugo. Ndiyo matunda ya wazazi kubagua watoto.

— Hapana, Katekista, hapana. Jina ni moja. Nimelisoma kwenye yale maandishi ya mwisho yanayopita mbio. Montalvao. Kwenye udaktari, Montalvao. Kwenye wizi, Montalvao. Pacha wawili wataitwaje jina moja?

— Kwa wavivu inawezekana.

— Mimi naona siasa, Mheshimiwa akasema, na wote wakavuta pumzi, maana alikuwa haoni kitu kingine. Yule daktari alikuwa anapendwa na wananchi. Mtu ukipendwa, wakubwa wanakuogopa. Wamemkata jina kule chaneli ya kwanza. Yeye kafanya nini? Kahama jimbo. Kaenda chaneli ya pili kuanza upya na watu wa mifugo.

— Kwa kuwaibia ng'ombe?

— Ndiyo siasa yenyewe!

Wakacheka. Didas hakucheka. Alitia mkono mfukoni, akaugusa wembe, akautoa mkono haraka kama umemuunguza. Alitamani wanyamaze, na palepale aliogopa wakinyamaza atabaki na mawazo yake.

— Mnakwenda mbio, mnakanyaga jambo lenyewe, Injinia akasema, na sasa akashusha sauti, mpaka dada mmoja mgeni aliyeketi mwisho wa benchi na begi lake akasogeza sikio. Hesabuni pamoja nami. Mara ya kwanza tulipomwona hapa Katesh alikuwa nani?

— Kipofu, Katekista alijibu. Kipofu wa kuombaomba mlangoni pa kanisa. Ndevu nyeupe tupu.

— Baada ya hapo?

— Padri. Yule padri aliyepoteza imani akaipata kwenye meli.

— Ndevu?

— Zilikuwa na mvi kidogo.

— Haya. Halafu daktari, nywele nyeusi, mvi hapa pembeni tu. Na jana, huyu mwizi wa ng'ombe, hata masharubu hana. Shavu laini! Injinia akawatazama mmojammoja. Mmeelewa? Yule mtu anarudi ujana.

Kornelia aliacha kupuliza mkaa. 

— Anatumia dawa gani? Mheshimiwa akauliza kwa unyenyekevu ambao haukuwa kawaida yake. Alikuwa ameanza kuota upara.

— Si dawa. Setilaiti. Ile inazunguka dunia, na mawimbi yanayompitisha huyo mtu yanazunguka nayo. Kila akipita anapungua umri kidogo. Fundi wa Babati aliwahi kuniambia.

— Kwa mwendo huo, alisema Katekista akipiga hesabu kwa vidole, kufika Krismasi tutamwona ananyonya.

— Pasaka atabatizwa.

— Na nani atamsimamia ubatizo? Mwizi wa ng'ombe!

— Si atakuwa bado hajaiba?

— Wahenga walisema, samaki mkunje angali mbichi, Mheshimiwa akasema. Tumkamate sasa hivi kabla hajawa mtoto.

Hapo ndipo Injinia, ambaye moyo wake si mbaya, ni mdomo tu, alipomgeukia Didas.

— Fundi, leo naja kwako. Naifunua ile televisheni, natega chaneli ya mwizi. Mama akimwona mtu wake anapanda farasi, mbona ataamka na kudai chai.

— Usithubutu! Katekista akasema. Mama wa watu amempenda daktari mcha Mungu, wewe unamletea mwizi wa ng'ombe? Kwa Hanang hii ya wafugaji? Bora mtu afe daktari kuliko kufufuka mwizi wa ng'ombe.

— Lakini yuko hai!

— Hai wa aibu.

— Tupige kura, Mheshimiwa akasema, na tayari alikuwa ameinua mkono.

Didas aliacha pedeli ya cherehani. Akatoa ule wembe mfukoni, akauweka juu ya benchi, katikati ya vikombe. 

— Mama ameniagiza huu, akasema. Leo asubuhi. Hasemi neno siku zote hizi, halafu anasema niletee wembe mpya. Ninyi mnahesabu ndevu za Mbrazili. Mimi naogopa kwenda nyumbani.

Mkono wa Mheshimiwa ulibaki juu kidogo, ukashuka wenyewe. Injinia alikitazama kile kikaratasi kama hajawahi kuona wembe. Katekista alifanya ishara ya msalaba.  Watu ambao muda mfupi tu uliopita walijua siri za setilaiti hawakujua hata mikono yao waiweke wapi.

Yule dada mgeni wa mwisho wa benchi alikuwa mwalimu, Glory, ametoka Ruvuma kuripoti shule ya kule Nangwa, na alikuwa akisubiri gari. Alikohoa kidogo kwanza.

— Shikamooni.

— Marahaba, wakamjibu, maana walikuwa wamemsahau kabisa.

— Samahani kuingilia. Mama mwenyewe alisema wembe ni wa nini?

Didas akatikisa kichwa. 

— Mlimuuliza?

Wakatazamana. Mheshimiwa alimtazama Injinia, Injinia akamtazama Katekista, na Katekista akautazama mlima. Ndiyo kusema, benchi lilikuwa na majibu ya watu wa Brazili wote, wazima na wafu, na swali la nyumba ya tatu kutoka hapa hakuna aliyeliuliza.

Kornelia akasema taratibu, “Mama huyo hapo.”

Bibi Lucia alikuwa anavuka barabara, fimbo mkono mmoja, mkono wa pili ameshikwa na Rahel. Alikuwa hajavaa kilemba. Nywele zake zimetimka, nyeupe na ndefu kuliko walivyozijua. Pikipiki zilisimama kumpisha. Didas aliruka kutoka kwenye kiti chake mpaka kaptula ya mwanafunzi ikaanguka vumbini. Hakujua akimbie kumpokea au aufiche ule wembe.

Benchi zima lilisimama. “Shikamoo, mama.” Alipokea zote, moja baada ya nyingine, bila haraka. Katekista, mzee mwenzake, akampa habari za siku nyingi, akajibiwa nzuri. Ndipo akamgeukia mwanawe.

— Didas. Duka liko Babati?

— Mama...

— Nimekuagiza wembe tangu jogoo. Rahel amechemsha maji, yamepoa. Amechemsha tena, yamepoa tena. Mpaka nimekuja na mguu wangu huu mbovu. Wembe uko wapi?

— Mama, wa nini? Didas aliuliza, na sauti ilimtoka nyembamba kama ya mtoto. Alikuwa amelichelewesha swali hilo mchana kutwa.

Bibi alimshangaa.

— Wa kunyoa. Msiba unaisha na nini?

 Akaketi kwenye benchi, pale palipopinda, akanyoosha mguu.

— Baba yako alipozikwa mimi nilikuwa hospitali, mguu umefungwa juu kwenye kamba. Sikutupa udongo. Mliporudi kunichukua, nyote mmeshanyoa, msiba umeshaondolewa, watu wamerudi mashambani. Sisemi ni kosa lenu. Ile ilikuwa vita, si msiba. Lakini mimi nani alininyoa? Nimekaa na nywele hizi za msiba wa mzee Akonaay miaka yote hii. Utaanzaje kulia peke yako, matanga yameshaanuliwa?

Rahel alikuwa amejifunika uso kwa khanga.

— Basi walipomzika yule daktari na ile mvua yao, nikasema, Lucia, huu ndio wako. Ukalie. Nikazima televisheni, nikalala chini, sikuvuka ua wa mtu, kama tulivyofundishwa. Nimelia kila usiku ninyi mmelala. Nimemlia baba yenu vizuri, mpaka nimemmaliza. Leo siku zimetimia.

— Kwa hiyo, mama, Injinia alisema, akitafuta pa kupita, yule daktari... unajua kwamba hakufa?

— Wewe Joakimu, mimi ni mjinga? Yule ni mtu wa kazi. Nimemwona kipofu, nimemwona padri. Kila akifa anakufa kwa adabu, wala hapigi kelele. Ndiyo maana nilimchagua.

— Ila anarudi ujana, Mheshimiwa akasema kwa sauti ndogo. Hilo ndilo lililotushinda.

— Harudi popote. Walianza kutuonyesha kazi zake za uzeeni, sasa wamefikia za zamani. Ni kama kitabu cha picha, mtu amekifungulia nyuma.

Akapitisha kiganja kwenye nywele zake.

— Hata baba yenu nilikuwa namkumbuka hivyo. Kwanza tope. Nikifumba macho, tope tu. Siku hizi za kulala chini ndipo nimeanza kufungua kurasa nyingine. Nimemwona anapalilia. Nimemwona na Didas mgongoni. Jana usiku nimemwona kijana kabisa, anapandisha na baiskeli kuja kwetu Endagikot, suruali ameifunga kamba isiingie kwenye mnyororo, anajifanya amepotea njia.

Akacheka. Kicheko chenyewe kilikuwa kidogo na kimekwaruza, lakini kilikuwa cha kwake, na Didas alikuwa hajakisikia tangu mlima ushuke.  Didas akainama, akauchukua wembe, akautoa kwenye karatasi, akampa mama yake kwa mikono miwili. Alikuwa analia wazi mbele ya watu, na hakujali.

— Maji ya Rahel yatakuwa yamepoa mara ya tatu, alisema bibi.

— Ya hapa yanachemka, alijibu Kornelia. Kahawa imeisha. Haya yalikuwa ya birika la pili.

— Utaninyoa hapa hapa barabarani?

— Ukitaka nyumbani, twende nyumbani. Mimi nimefiwa na waume wawili, mama, mkono wangu unaijua kazi.

Bibi Lucia aliitazama stendi, pikipiki, watu na vitunguu vyao. Akalitazama benchi.

— Hapa hapa. Nyumbani nimekaa vya kutosha.

Basi hakuna aliyedai kikombe kingine. Kornelia alipoza maji, akamlowanisha nywele. Didas alishika beseni. Rahel alipokea nywele kwenye khanga, zisidondoke chini zikakanyagwa. Wanaume wa benchi walivua kofia, na Katekista akaanzisha Baba Yetu kwa ile sauti yake isiyofika mbali, ikafika. Gari la Nangwa lilikuja, likapiga honi, likaondoka. Mwalimu Glory alikuwa amesimama na taulo la Kornelia mkononi, hakuligeukia gari.

— Mgeni njoo, mwenyeji apone, alisema Mheshimiwa akimwangalia yule dada.

Watu wakageuka wote kwa pamoja. Kwa miaka yote aliyoketi hapo, hiyo ilikuwa methali yake ya kwanza kuangukia mahali pake, na yeye mwenyewe alionekana kustuka.

Kazi ilipokwisha, Kornelia alimfuta bibi kichwa kwa taulo. Upepo wa mlimani ukashuka, ukamkuta kipara, akajikunyata na kucheka tena, safari hii kwa sauti. Didas akavua koti lake, akamfunika mabegani.

— Joakimu, bibi akaita.

— Naam, mama.

— Huyo mwizi wa ng'ombe wako. Umesema hana hata masharubu?

— Hana, mama. Kijana mbichi.

— Njoo leo utege hiyo chaneli. Na wewe Didas uwahi kufunga. Nataka nimwone akiwa na nguvu zake.